Asubuhi Niliyofuta Magemu Yako

Imani, mwanangu,

Habari za sweta, za viazi vya kula njiani, za kutopokea soda kwa mtu usiyemjua, mama yako amezisema tangu juzi, na kesho stendi atazirudia mpaka basi liondoke. Mimi sina cha kuongeza hapo. Nimekaa mezani, jua bado halijazama, wewe umekwenda kumuaga shangazi yako, nami nimechukua karatasi kwa sababu kuna jambo ambalo mdomo wangu umelishindwa kwa miaka mitatu.

Leo asubuhi nilikukuta dukani umekaa mbele ya laptop, unaondoa magemu yako. Lile la mbio za magari, lile la mpira, na lile la kupanga matofali ulilokuwa unacheza mpaka mama yako anakuja kukuchukua kwa mkono. Uliondoa moja moja. Ulisubiri swali la mashine, ukalisoma mpaka mwisho, ndipo ukabonyeza. Uliponiona ukasema, "Baba, nakuachia nafasi. Ilikuwa imebaki kidogo sana." Nikaitikia, "Haya," nikatoka nje nikasimama kwenye ukungu kama mtu anayesubiri gari. Nadhani ulifikiri ninaficha machozi ya kuagana. Hapana, mwanangu. Ilikuwa hofu, hofu ile ile ya siku ile.

Yaliyotokea unayajua, ulikuwepo. Lakini upande wangu hujawahi kuusikia.

Unajua kwamba nilikuwa karani mpiga chapa wa shirika la umma, na kwamba shirika likabinafsishwa. Usilolijua ni jinsi ilivyokuwa. Walikuja wenye mali wapya, wakatukusanya uani, kijana mmoja mwenye tai akasoma majina ya wanaoondoka. Nilikuwa nimefanya kazi miaka kumi na sita bila barua hata moja ya onyo. Jina langu likawa la tatu. Siku ile nilijifunza kwamba mtu anaweza asikosee kitu na bado akasomwa. Nilirudi nyumbani mwoga, na woga ule sikuutua tena. Kila nilichobaki nacho nilikishika kwa kucha.

Kiinua mgongo ndicho kilichonunua ile laptop na printa yake, Makambako, kwa Bwana Shabani. Yeye ni mtu wa Kondoa aliyehamia pale njia panda kuuza redio, televisheni na kompyuta zilizokwisha kutumika Ulaya. Nikafungua steshenari hapa Njombe karibu na stendi. Watu wakaanza kuja: barua za kuomba kazi, mihtasari ya vikao, kadi za harusi. Taipureta nilikuwa naipiga nimefumba macho, lakini mashine ile niliiogopa. Kila ilipoandika neno la Kiingereza katikati ya kioo nilidhani inanifukuza kazi. Wewe ulikuwa kidato cha pili, na kwa wiki moja ukawa umeizoea. Ulikuwa ukitoka shule unanionyesha, "Baba, hapa. Sasa hapa." Niliona haya kufundishwa na mtoto. Kwa hiyo nikawa nasema nimeelewa kabla sijaelewa.

Kisha akaja Mwalimu Haule.

Alikuwa mwalimu mstaafu kutoka Lugarawa, mrefu, mwenye koti lake la kijivu na fimbo. Maisha yake yote alikuwa amekusanya hadithi na mafumbo ya Wapangwa, kijiji kwa kijiji alikofundisha. Aliziandika kwenye madaftari kwa mwandiko ambao hakuna mtu mwingine aliyeweza kuusoma, na sasa hata yeye hakuweza tena, kwa kuwa macho yalikuwa yanazima. Alikuwa amekwenda mpaka hospitali ya Ikonda kutibiwa, wakamwambia ukweli kwamba hayatarudi. Akaamua kusema yote kwa kichwa, sisi tuandike. Alifikia kwa ndugu yake hapa mjini, na kila Jumamosi alikuja dukani, akakaa karibu na jiko la mkaa, akasema kama anayetoa imla darasani: "Nukta. Aya mpya." Wewe uliandika mara nyingi kuliko mimi. Nilikuwa nakusikia ukicheka katikati ya hadithi, naye akikukaripia, "Usicheke, binti. Andika kwanza, utacheka kwenye mkato."

Tulikwenda hivyo miezi saba.

Ndipo ikaja ile Alhamisi. Wewe ulikuwa shule. Nilikuwa nimeanza kusahihisha sura ya mwisho aliyoisema, nikataka kuhifadhi, mashine ikakataa. Ikaandika kwamba diski imejaa. Nikajaribu tena, ikakataa tena. Niliona jina langu linasomwa mara ya pili. Nikakumbuka magemu yako. Nikasema moyoni, mtoto huyu amejaza mashine ya chakula chetu kwa magari ya kuchezea.

Ulikuwa umeniambia zamani, "Baba, gemu halifutwi ovyo, lina mahali pake pa kuliondolea. Ukitaka kuyatoa, nisubiri nirudi." Sikukusubiri. Nilifungua orodha ya mafolda, na kila jina nisilolijua nikalifuta. Mashine ikauliza kama nina hakika. Nikabonyeza ndiyo. Ikauliza tena. Ndiyo. Bado ikasema imejaa, nikakumbuka lile kapu la taka ulilonionyesha, nikalimwaga nalo. Hapo ndipo ikakubali. Nikahifadhi ukurasa wangu mmoja, nikajiona fundi.

Moja ya majina nisiyoyajua lilikuwa herufi tatu tu: HLE. Uliliandika wewe, kwa kifupi cha Haule. Nakala ya flopi tuliyokuwa nayo ilikuwa imekwisha kuharibika, na mpya nilikuwa nimesema tutanunua mwezi ujao.

Nilijua jioni ile ile, ulipofungua mashine ukatafuta HLE. Uliniuliza, "Baba, umegusa kitu?" Nikasema, "Magemu yako ndiyo yaliyoharibu." Hilo ndilo lilikuwa jibu langu la kwanza. Bado sikuwa nimepanga kusema uongo. Ulitoka wenyewe, kama mtu anavyonyoosha mkono anapoteleza.

Jumamosi Mwalimu akaja. Mama yako naye alikuwepo siku ile, alikuwa ameleta uji. Nilikuwa nimejiandaa kumwambia vizuri. Lakini alipokaa na kusugua viganja juu ya jiko na kunisalimu kwa kilugha, "Kamwene, tulifika wapi?" niligeukia sufuria ya uji. Nikasema, "Mwalimu, kuna bahati mbaya. Ni mtoto huyu na magemu yake. Kazi imefutika."

Aligeuza uso upande ulikokuwa umesimama. Akauliza, "Mjukuu wangu, ni kweli?"

Ulinitazama mimi. Ukasema, "Ndiyo, Mwalimu. Nisamehe."

Akaomba aishike mashine. Ukamwongoza mkono. Akaipapasa kifuniko, akaipapasa vitufe, kama anayempapasa mgonjwa. "Kwa hiyo humu ndani," akasema, "hamna kitu." Akachukua fimbo yake. Uji haukunywewa.

Nitakuambia jambo la aibu kuliko yote, Imani. Alipotoka, nilipumua. Mama yako alikuwa anakufokea, wewe umeinamisha kichwa, nami nilikuwa napumua.

Jumatatu nilifungua duka nikakuta meza tupu. Nilipiga kelele za mwizi. Fundi cherehani wa jirani akatoka akasema, "Mbona nimemwona Imani mapema anatoka na mkoba umejaa? Nilidhani vitabu." Hata hapo niliendelea kuwaza mashine. Nilikimbia shuleni kuifuata. Ni pale mwalimu wako wa darasa aliponiambia hujafika kabisa ndipo akili ilipogeuka. Nisamehe kwa hilo pia: nilianza kuitafuta laptop kabla sijaanza kukutafuta wewe.

Nilizunguka soko zima. Kule kwenye mbao, mpakiaji mmoja akaniambia, "Binti wa sare? Amepanda fuso la mbao, lile la turubai la bluu. Limeenda Makambako."

Nikapanda basi. Wewe umeipita barabara ile mara nyingi, lakini hujawahi kuipita ukiwa baba. Ulikuwa na miaka kumi na sita, ndani ya gari la watu nisiowajua, na ni mimi niliyekupandisha. Kila kona niliona sare ya shule. Ukungu ulikuwa mzito, dereva amewasha taa mchana. Mbele kidogo basi likasimama. Watu wakasimama dirishani. Fuso lilikuwa limelala ubavu mtaroni, mbao zimemwagika mpaka katikati ya barabara, na juu ya mbao, turubai la bluu.

Sikumbuki nilivyoshuka. Nakumbuka nilikuwa nainua mbao moja moja na kuzitupa, na mtu ananishika bega ananiuliza natafuta nini, nami siwezi kusema. Nilikuwa na neno moja tu mdomoni, jina lako, nalo halikutoka. Dereva alikuwa amekaa kando ya barabara, damu kidogo kwenye paji la uso, anavuta sigara. Akasema, "Mzee, tulikuwa wawili tu, mimi na utingo wangu. Tumepona sote. Binti sijabeba." Nikamuuliza tena. Nikamuuliza mara ya tatu. Akainuka akanionyesha kiti cha mbele, kitupu. Fuso lako lilikuwa jingine. Magari yote ya mbao barabara ile yanafunikwa maturubai ya bluu.

Njia iliyobaki nilikwenda nimeshika kiti cha mbele kwa mikono miwili. Nilimwahidi Mungu kila kitu. Nilimwahidi kwamba nikikukuta mzima nitakupigia magoti.

Nilikukuta kwa Bwana Shabani. Ulikuwa umekaa kwenye kigoda nyuma ya duka, katikati ya televisheni zilizofunguliwa matumbo, mkewe amekupa wali na maharage. Ulikuwa mzima. Ukasimama, ukasema, "Shikamoo, Baba." Nami, badala ya magoti, nikakupiga kofi.

Mimi mwenyewe nilisikia mlio wake. Nimewahi kukueleza kwamba nilipatwa na hasira. Haikuwa hasira. Hofu ikikosa pa kwenda hutafuta mtu mdogo.

Bwana Shabani hakupandisha sauti. Alisema, "Mzee mwenzangu, keti." Akavuta kiti. "Huyu binti amekuja hapa saa tatu, hajaomba hata maji. Ameniuliza swali moja tu: kilichofutwa kinakwenda wapi? Nimeuza mashine hizi miaka mingi, hakuna mtu mzima aliyewahi kuniuliza hilo."

Akatueleza kwamba kilichofutwa hakiondoki mara moja. Kinabaki pale pale bila jina, mpaka kitu kingine kiandikwe juu yake. Akasifu kwamba ulikuwa na akili ya kutoiwasha tena mashine. Alikuwa na programu yake kwenye sidii, inapekua diski na kuokota vipande. Kioo kilikuwa kinaonyesha orodha ndefu, naye anaifuata kwa kidole na kusoma kwa sauti, bila nia yoyote mbaya. "Hiki kipo nusu. Hiki kimekwenda. Hiki kizima. Vyote vimefutwa kwa mara moja… Alhamisi, saa nne na dakika kumi asubuhi."

Akaitazama sare yako. Akauliza taratibu, "Alhamisi saa nne, mwanangu, si unakuwa darasani?"

Uliendelea kutazama sahani ya wali. Shavu lako lilikuwa limevimba alama za vidole vyangu. Bwana Shabani akageuka akanitazama mimi, na macho yake yalikuwa yamekwisha kujua. Hapo ningeweza bado kusema kitu. Mashine ile saa yake haiendi sawa, ningesema. Neno hilo lilikuja mpaka kwenye ulimi, mwanangu. Nakuapia lilikuja.

Nikasema, "Ni mimi."

Tulipokuwa tunasubiri basi la kurudi, upepo wa Makambako unatupiga mchanga, nilikuuliza kwa nini ulikubali kosa mbele ya Mwalimu. Nilidhani utasema ulitaka kunilinda. Ulisema, "Nilitaka unyamaze, Baba. Ulikuwa unaendelea kusema, na kila neno lilikuwa linaongeza."

Nikakuambia nitakwenda kwa Mwalimu. Na nikakuambia jambo la pili: "Mama yako usimwambie. Nitamwambia mwenyewe."

Kwa Mwalimu nilikwenda, lakini unajua nilivyokwenda. Alikuwa amekwisha kurudi Lugarawa. Mara nikasema mvua, mara nikasema wateja, mara homa. Siku zikafika kumi na tisa, mpaka ulipovaa viatu asubuhi moja ukakaa mlangoni, ukasema utakwenda peke yako. Ndipo nikainuka. Tulimkuta uani, anaota jua. Nilisema yote nimesimama. Nilitegemea atasema ya kusameheana, kama wazee wa kanisa wanavyosema. Akasema:

"Siku kumi na tisa nimemkasirikia mtoto wa watu bure. Nimemsema kwa ndugu zangu. Nimeomba nisimchukie, nikashindwa. Hizo siku atanirudishia nani?"

Hakunisamehe siku ile, na sijui kama alifanya hivyo baadaye. Alinyoosha mkono upande wako akasema, "Mjukuu, soma vilivyookotwa. Tuanze palipokatika." Likizo mbili ulikaa kwake, ukaziba matundu. Kitabu kikaisha. Lakini ile hadithi ya mganga na binti zake wawili haikupatikana kwenye diski, wala kichwani kwake. Alijaribu, akashindwa. Ulipompa tena mwanzo wake ulioukumbuka, akasema, "Iacheni. Niliisikia kwa bibi mmoja tu, naye amekufa." Hadithi ile, Imani, niliimaliza mimi, saa nne na dakika kumi asubuhi, kwa kutafuta nafasi ya ukurasa mmoja.

Sasa unakwenda Dar es Salaam kusomea mashine hizi hizi. Naogopa. Naogopa mlima Kitonga, naogopa joto, naogopa watu. Lakini hofu kubwa ni kwamba nimekufundisha kubeba. Umekuwa hodari mno wa kunyamaza ili mwingine apumue. Huko utakutana na watu kama mimi, maana tuko wengi, na si wabaya sana, ni waoga tu. Watakutazama kama nilivyokutazama. Usiwapumzishe. Na wewe mwenyewe utakapoharibu kitu cha mtu, kwa kuwa siku moja utaharibu, sema siku hiyo hiyo, hata kama unaogopa. Ya siku ya kwanza ni kosa. Ya siku ya kumi na tisa sijui niyaite nini.

Leo mchana tulipokuwa tunakula, mama yako alikujazia sahani, akasema kwa mapenzi yake yote, "Ukifika huko, mwanangu, usichezee vitu vya watu kama ulivyomfanyia yule Mwalimu. Watu wa huko hawasamehe." Ulisema, "Sawa, Mama." Ukala. Nami nikala. Miaka mitatu, Imani, mama yako anakuombea kila usiku kwa kosa langu, na kwenye meza yangu mwenyewe nilishindwa kuinua kichwa.

Sitaki uondoke na mzigo huo ndani ya begi. Kesho pale stendi hapatakuwa na nafasi. Kutakuwa na makonda na kelele, nami nitajificha ndani ya kelele hizo kama ninavyojijua.

Kwa hiyo nimemwita mama yako sasa hivi. Yuko jikoni, amesema anaosha mikono. Nitamsomea barua hii, tangu mstari wa kwanza mpaka huu, kisha nitaifunga nikupe. Ukirudi kutoka kwa shangazi ukakuta nyumba kimya, ingia, salimia. Ukimkuta analia, mkumbatie. Lakini safari hii, tafadhali, usinitetee.

Amekuja. Anavuta kiti.

Baba yako